UZI: Benki imekushtaki kwa deni la kadi ya mkopo? Usiiweke samansi kabatini

Karani Mstaafu

Wakuu, salaam kwenu. Uzi huu ni mrefu, naomba mnivumilie, maana jambo lenyewe limeugusa ukoo wangu.

Kwa miaka tisa nilikuwa karani kwenye ofisi ya mawakili. Wateja wetu wakubwa walikuwa mabenki, na dawati langu lilikuwa la madeni ya kadi za mkopo. Nilichapa barua za madai, nilipanga viambatanisho, nilipeleka hati masijala, nilihesabu siku. Ukutani tulikuwa na ubao wenye safu mbili: waliojibu na wasiojibu. Safu ya wasiojibu ilikuwa inajaa hadi tunaandika pembeni.

Dada yangu aliingia kwenye safu ya namna hiyo, kwenye ofisi nyingine. Alipokea samansi, yaani wito wa mahakama, akasaini kwamba ameipokea, akaikunja na kuiweka kabatini chini ya nguo. Hakumwambia mtu. Mimi ndiye aliyenificha kuliko wote, kwa kuwa aliniona ni mtu wa upande wa benki. Miezi saba baadaye mhasibu wa kazini kwake akamwita na kumwonyesha amri ya mahakama: sehemu ya mshahara wake itakatwa kila mwezi mpaka deni liishe.

Nilipolisoma jalada, nilikuta malipo ya miezi mitatu aliyoyafanya, na risiti anazo, hayamo kwenye taarifa ya akaunti iliyotumika kumshtaki. Juu ya malipo hayo yasiyoonekana, faini za ucheleweshaji na riba vimepandishwa. Tukaomba hukumu itenguliwe. Hakimu akamuuliza kama alipokea wito. Akasema ndiyo. Akamuuliza kwa nini hakufika. Akasema aliona aibu. Ombi likakataliwa.

Sasa nieleze jinsi mambo yanavyokwenda, nikianzia kule ambako wengi hawaangalii.

Deni la kadi halina dhamana. Hujaweka nyumba wala gari. Ndiyo maana riba yake huwa kubwa kuliko ya mikopo mingi mingine, na ndiyo maana benki ikitaka kugusa mali yako inalazimika kwanza kupita mahakamani. Kuna njia moja tu ya mkato ninayoijua: kama una akaunti ya akiba kwenye benki hiyohiyo, mkataba mara nyingi unairuhusu benki ichukue humo kufidia deni la kadi. Watu wengi hugundua kifungu hicho siku wanapokuta akaunti tupu. Kausome mkataba wako leo, hasa maandishi madogo.

Ukiacha kulipa, mwezi wa kwanza na wa pili ni simu na jumbe. Kadi inafungwa. Ikifika siku 90 hivi, benki nyingi hulihesabu deni kuwa chechefu, yaani lisilolipwa ipasavyo, na hapo kifungu kingine cha mkataba kinaamka: deni lote linadaiwa kwa mkupuo, si tena kile kiwango cha chini cha kila mwezi. Baadaye benki inaweza kulifuta deni kwenye vitabu vyake. Marekani, kwa mfano, benki hutakiwa kufanya hivyo deni la kadi likifikisha siku 180 bila kulipwa. Hapa nisisitize, kwa kuwa nimeona watu wakishangilia: kufutwa kwenye vitabu ni habari ya kihasibu ya benki. Wewe bado unadaiwa, na bado unaweza kushtakiwa.

Kisha inakuja barua ya madai, mara nyingi yenye kichwa cha ofisi ya mawakili. Barua hiyo si kesi. Ni mlango wa mwisho kabla ya kesi, na ndio mlango ambao mazungumzo yanakuwa rahisi kuliko pengine popote, kwa sababu benki bado haijalipia ada za mahakama. England na Wales zina utaratibu rasmi juu ya hili tangu 2017: anayedai anatakiwa kukutumia barua yenye maelezo na kukupa siku 30 za kujibu kabla ya kufungua shauri. Hata mahali pasipo na utaratibu ulioandikwa hivyo, ijibu. Andika, tunza nakala.

Halafu samansi. Samansi huja na hati ya madai, na mahali fulani kwenye karatasi hizo kuna idadi ya siku. Itafute hiyo namba kabla ya kusoma kitu kingine chochote. England ni siku 14 tangu kupokea hati, na ukithibitisha kwamba umeipokea unapata hadi siku 28 za kuleta utetezi. Kwingineko ni 15, 20, 21, 30. Siku hizo zikipita bila jibu lako, wakili wa benki anaomba hukumu ya upande mmoja. Hakuna shahidi anayehojiwa kwa ukali. Hakuna anayeuliza ile riba ilipigwa vipi. Sisi ofisini jalada la namna hiyo lilichukua dakika chache.

Hili si la ofisi yetu peke yake. Mwaka 2020 taasisi ya Pew ya Marekani ilitoa ripoti juu ya kesi za madeni kwenye mahakama za majimbo: kwa zile ambazo kumbukumbu zilipatikana, zaidi ya asilimia 70 ziliisha kwa hukumu dhidi ya mtu ambaye hakujibu. Saba katika kila kumi. Benki haikuwashinda watu hao kwa hoja.

Nitaendelea. Kama una swali uliza hapahapa, nitajibu niliyo na hakika nayo.

Mtama Mwekundu

Pole kwa dada, mkuu. Ila nikuulize kwa nia njema: kama kweli nilitumia hiyo kadi, nikanunua vitu, naenda mahakamani kusema nini? Si nitajiaibisha tu?

Karani Mstaafu

Ndugu yangu, swali lako ndilo lililomfunga mdomo dada yangu, kwa hiyo nalijibu kwa kirefu.

Kudaiwa ni jambo moja, kudaiwa kiasi kilichoandikwa pale ni jambo jingine. Tuseme ulibakiza 1,000 ya fedha yoyote ile, na riba ni asilimia 3 kwa mwezi inayojumlishwa kwenye deni kila mwezi. Usipolipa chochote, baada ya miezi 24 deni ni takriban 2,033. Hapo sijaweka faini ya kuchelewa hata moja, wala ada ya kuvuka kikomo, wala gharama za wakili. Vyote hivyo vinaingia kwenye namba moja iliyopigwa chapa nzuri chini ya hati, na mtu akiiona anaamini lazima ni sahihi kwa kuwa imetoka kwenye kompyuta ya benki.

Hata aliyekuwa analipa kwa uaminifu anaumia. Kwa deni hilohilo la 1,000, kama kiwango cha chini ni asilimia 5, unalipa 50. Katika hiyo 50, riba inakula 30. Deni limepungua 20. Mtu analipa mwaka mzima, anaona kama anachota maji kwa pakacha, anakata tamaa, anaacha. Wengi wa watu kwenye majalada yangu walikuwa hivi. Walioamua kukopa ili wakimbie walikuwa wachache.

Sasa mahakamani. Anayedai ndiye anayethibitisha, na hiyo ni kanuni ya kesi za madai karibu kila mahali. Benki ilete mkataba uliousaini au uliokubali. Ilete taarifa za akaunti za mwezi kwa mwezi, si ukurasa mmoja wa jumla. Ioneshe riba imetoka kifungu gani, na kama ilipandishwa, ulijulishwa lini. Ioneshe kila malipo yako yameingizwa. Unakubali unachokijua, unakataa usichokijua, unaomba kithibitishwe. Huo si ujanja wala utapeli, ndiyo kazi ya mahakama.

Na hata ukikuta namba yao ni sahihi hadi senti ya mwisho, nenda. Ukifika unaweza kukiri deni na kuomba kulipa kwa awamu, ukaonyesha mshahara wako na watu wanaokutegemea. Mahakimu wengi husikiliza. Kiti kitupu hakiwezi kuombewa awamu.

Ngalawa

Mimi nafanya kazi benki, sitaji ipi. Naomba nipinge kidogo. Uzi kama huu unawapa watu moyo wa kuzungusha kesi. Pesa zinazokopeshwa ni akiba za watu wengine. Dawa ya deni ni kulipa.

Karani Mstaafu

Nakubaliana nawe, na sikuandika ili watu wasilipe. Lakini mwenzangu, nawe unajua kinachotokea kwenye madeni ya kadi. Taarifa zinahamishwa kutoka mfumo mmoja kwenda mwingine, malipo yanaingia kwenye akaunti isiyo yake, mteja anaambiwa kwa simu "tumekupunguzia" na kwenye kompyuta hakuna kilichopunguzwa. Mtu anayefika na risiti zake anaisaidia mahakama iamue haki. Na benki inayodai kihalali haina cha kuogopa akija.

Tena kuna deni lililouzwa. Benki ikichoka inaweza kuuza deni kwa kampuni inayonunua madeni kwa bei ndogo mno. Tume ya Biashara ya Marekani ilichunguza wanunuzi wakubwa na mwaka 2013 ikaripoti kwamba kwa wastani walilipa senti 4 kwa kila dola 1 ya deni. Wengine wananunua orodha yenye majina na kiasi tu, bila mikataba nyuma yake. Kwa hiyo ukiona aliyekushtaki ni jina usilolifahamu, swali lako la kwanza liwe: nionyeshe hati inayothibitisha kwamba deni hili limehamia kwako, na kwamba ni hili langu. Usimlipe mtu yeyote kabla ya kuiona.

Ngalawa

Hapo kwenye madeni yaliyouzwa sina ubishi. Nimeona mteja analipa sehemu mbili. Ongezea hili: mteja akija mapema, kabla faili halijatoka kwenda kwa mawakili, sisi tuna uwezo wa kusamehe faini na hata sehemu ya riba. Likishatoka, mikono yetu inafungwa.

Karani Mstaafu

Ahsante, hilo limetoka kwa mwenye nyumba. Wasomaji mlishike.

Kalamu Kavu

Kuna jamaa wa kukusanya madeni ananipigia asubuhi mpaka usiku. Anasema polisi wanakuja kunikamata wiki hii. Nina watoto wawili, silali. Naweza kufungwa kwa deni la kadi?

Karani Mstaafu

Dada/kaka, vuta pumzi kwanza. Deni la kadi ni shauri la madai, si jinai. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa wa 1966, ibara ya 11, unasema hakuna mtu atakayefungwa kwa sababu tu ameshindwa kutimiza wajibu wa kimkataba. Nchi nyingi zimeuridhia.

Lakini nisikudanganye kwa kukupa nusu ya maelezo. Ziko nchi ambazo sheria bado inaruhusu mdaiwa apelekwe kifungo cha madai baada ya hukumu, hasa akionekana ana uwezo na anakataa kulipa, au anaficha mali. Na kuna kosa tofauti kabisa: kupuuza amri ya hakimu inayokutaka ufike ueleze mali zako. Anayekamatwa hapo anakamatwa kwa kuidharau mahakama. Tena ukiangalia, chanzo ni kilekile, kutokufika. Vilevile, aliyedanganya nyaraka wakati wa kuomba kadi ana shida nyingine ambayo inaweza kuwa ya jinai.

Huyo anayekutishia polisi wiki hii anatumia hofu yako. Mwambie akuandikie: anamdai nani, kiasi gani, kwa niaba ya nani. Andika tarehe na saa za simu zake, tunza jumbe. Marekani sheria ya 1977 inakataza watozaji kutishia kukamatwa kwa namna hiyo, na kanuni zilizoanza Novemba 2021 zinachukulia kupiga zaidi ya mara 7 ndani ya siku 7 kwa deni moja kuwa ni kuvuka mpaka. Nchi nyingine zina miongozo yake kutoka benki kuu. Malalamiko yenye tarehe na saa yana uzito kuliko "ananisumbua sana".

Na usimlipe kwenye namba yake binafsi. Hata akilia.

Mwana wa Mvua

Langu ni la zamani sana. Kadi niliacha kuilipa miaka saba iliyopita, nikahama. Juzi nimepigiwa simu, wanasema nilipe kidogo tu "kuonyesha nia njema". Nilipe?

Karani Mstaafu

Simama hapohapo, usilipe leo wala usiseme "ndiyo, nadaiwa" kwenye simu. Kwanza tafuta mwanasheria au ofisi ya msaada wa kisheria, uulize ukomo wa muda kwenye nchi ambako mkataba wako unasimamiwa.

Sheria huweka muda ambao mdai akishaupita hawezi tena kushinda kesi yake. Kwa madai ya mkataba, England, Kenya na Tanzania ni miaka 6. Afrika Kusini deni la namna hii ni miaka 3. Kwa kawaida saa inaanza kuhesabu pale uliposhindwa kulipa deni likawa limeiva, siku ya kupewa kadi haihusiki. Na hapa ndipo penye mtego: katika sheria za nchi nyingi, ukilipa sehemu au ukikiri deni kwa maandishi kabla muda haujaisha, saa inarudi sifuri. Hiyo "nia njema" ya malipo madogo inaweza kuwa na kazi hiyo hasa. Nililiona likifanyika.

Jambo jingine. Ukishtakiwa kwa deni lililopitwa na wakati, usikae nyumbani ukisema "sheria inanilinda". Mahakama nyingi hazitaliibua zenyewe kwa niaba yako, wewe ndiye unayetakiwa kuliandika kwenye utetezi. Usipofika, hukumu inatoka kama kawaida, na hukumu ina maisha yake marefu kuliko deni lenyewe.

Mtama Mwekundu

Na baada ya hukumu? Wanaweza kuchukua nini?

Karani Mstaafu

Hukumu peke yake ni karatasi. Benki inatakiwa irudi mahakamani kuomba kuikazia, yaani kuitekeleza. Njia tatu nilizoziona zaidi ni makato ya mshahara kupitia mwajiri, amri kwa benki nyingine uliyo na akaunti ishikilie fedha zako, na dalali wa mahakama kukamata mali zinazohamishika na kuziuza kwa mnada. Kama una ardhi au nyumba, wanaweza kuifuata pia, ila inachukua muda na gharama.

Kila njia ina mpaka wake. Marekani sheria ya shirikisho hairuhusu makato ya deni la kawaida kuzidi asilimia 25 ya mshahara unaobaki baada ya makato ya kisheria. Nchi nyingi hukataza dalali kugusa nguo, vitanda, vyombo vya kupikia na zana za kazi anazotegemea mdaiwa kupata riziki. Dalali akija, mwombe amri yenye muhuri, isome namba ya shauri na jina, na aorodheshe kila anachokichukua. Akikataa kuonyesha amri, una haki ya kumkatalia asiingie.

Kuna pia kanuni nzuri ambayo watu hawaijui. Kenya na Afrika Kusini sheria inasema deni likishakuwa chechefu, riba inayoongezeka haiwezi kupita kiasi cha deni la msingi, bila riba, lililokuwa halijalipwa siku hiyo. Ukiwa chini ya sheria ya namna hiyo, piga hesabu mwenyewe. Nimeona hati za madai zilizovuka mpaka huo bila mtu kuuliza, kwa sababu mdaiwa hakuwepo.

Na kwa aliyekwisha kuhukumiwa bila kuwepo: unaweza kuomba hukumu itenguliwe, lakini nenda ndani ya siku, usingoje miezi. Mahakama itataka kujua mambo mawili: sababu ya kweli ya kutofika, kwa mfano samansi ilipelekwa anwani ya zamani au ulikuwa umelazwa, na kama una utetezi wenye maana. Dada yangu alikuwa na la pili. La kwanza hakuwa nalo.

Kalamu Kavu

Nimerudi. Baada ya majibu yako nilienda kuangalia barua zote ambazo nilikuwa sizifungui. Nimekuta samansi. Ya siku kumi na moja zilizopita. Natetemeka kuandika hapa.

Karani Mstaafu

Umefanya vizuri sana kuifungua. Imeandikwa siku ngapi za kujibu?

Kalamu Kavu

Ishirini na moja.

Karani Mstaafu

Basi una siku kumi, na siku kumi zinatosha. Kesho asubuhi nenda msaada wa kisheria na karatasi zote, pamoja na risiti na jumbe za malipo. Ukikosa mtu wa kukusaidia, nenda masijala ya mahakama iliyotajwa kwenye samansi, waulize utaratibu wa kuwasilisha utetezi, hiyo ni sehemu ya kazi yao. Andika kwa lugha ya kawaida: unakubali nini, unakataa nini, kwa nini. Pitia kila aya ya madai, kwa sababu usichokikataa kinaweza kuchukuliwa kuwa umekikubali. Kama unataka kupatana na benki, mazungumzo yaendelee pembeni, lakini siku hazisimami kwa sababu mnazungumza. Wako waliohukumiwa huku wakisubiri simu ya wakili. Mkikubaliana, yaandikwe, yasajiliwe mahakamani, yataje kwamba ukimaliza kiasi hicho hudaiwi tena.

Utetezi upeleke ukiwa na nakala za kutosha, na nakala yako ipigwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Usitoke pale bila huo muhuri.

Mwana wa Mvua

Kalamu Kavu, tuko nawe. Utujulishe.

Kalamu Kavu

Wakuu, leo ni siku ya nane tangu niandike. Yule mama wa msaada wa kisheria amenisaidia kupitia taarifa za akaunti. Kuna malipo mawili yangu hayamo. Mengine nimekubali ni yangu, nimeomba awamu. Utetezi umewasilishwa saa nne asubuhi. Karani wa masijala alitaka kunirudishia nakala hivihivi, nikamwambia naomba muhuri. Ninayo mkononi sasa hivi, wino bado haujakauka vizuri.